Kashata

Viatu nilivinunua mnadani Soni,
mtumba wa daraja la kwanza, kamba mpya,
soli imejaa meno madogo madogo
yaliyobanana kama punje za muhindi.
Nikahesabu meno, nikahesabu hela.
Nikasema: haya, Mtae sasa hata inyeshe.

Ikanyesha.

Chini kidogo ya mashamba ya kabichi
udongo mwekundu uliingia katikati ya meno,
ukakaa kitako kama mgeni asiyejua kuaga.
Hatua ya hamsini sikuwa na meno tena,
nilikuwa na chapati mbili za tope
na watalii wanne nyuma yangu wakiniita kiongozi.
Mteremko nikaumaliza kwa makalio.
Wahenga walisema kuteleza si kuanguka.
Wahenga hawakubeba begi la watu.

Shekivuli, fundi wa pale njia panda, hakucheka.
Alikipindua kiatu, akakichokonoa kwa msumari,
donge likatoka zima, lina mistari,
kama kashata za kuuzwa.
"Hiki hakikuliuma tope," akasema, "kimelimeza.
Kiatu cha mlimani kijue kutema."

Akachukua kisu cha kukatia tairi.
Akang'oa jino, akaacha jino.
Akang'oa jino, akaacha jino.
Mimi nimeshika roho: hela yangu inadondoka
vipande vyeusi, kuku wanavidonoa na kuvitupa.
Ukingoni akayaacha marefu.
Kisiginoni akayachonga yatazame mbele.
"Kupanda unasukuma, kushuka unazuia.
Kazi mbili hizo, usizielekeze upande mmoja."

"Na jiwe lililolowa?"

"Aa, jiwe." Akafuta kisu kwenye suruali.
"Jiwe halina pa kuuma. Pale meno ni bure.
Pale unataka mpira laini, uso mpana,
na adabu."

Elfu tatu. Nilimlipa elfu mbili, nyingine deni.

Nimepanda tena na mvua.
Kila baada ya hatua chache kiatu kinatema
kidonge chekundu pembeni, bila kelele.
Kwenye mawe ya kijito nilipita
kama mkwe ukweni.

Jioni, narudi kwa njia ileile,
nikamkuta mtoto wa kina Hozza kachuchumaa
juu ya nyayo zangu zilizojaa maji,
anapitisha kidole kwenye nafasi, moja moja.
"Mnyama gani huyu," akaniuliza,
"ana mapengo hivi, na hajaanguka?"