Robota la Jumanne

Kibuye, saa kumi na mbili kasorobo,
nimekata kamba za robota kwa ncha ya mkasi,
harufu ya watu nisiowajua ikanijaa puani:
dawa ya nondo, sabuni ya ugenini, na kitu kama baridi.
Kamera nikaweka kulia. Fagia nikasukuma kwa mguu.
Kisha mkono ukagota chuma.

Koti. Buluu iliyokolea, mikono imepinduliwa manjano,
vifungo kumi na viwili vya shaba,
kila kifungo na mataji matatu, mawili juu, moja chini.
Adikinyi wa meza ya pili akacheka: "Turfosa,
umeletewa bwana harusi asiye na mwili."

Mwalimu Ochwada huja kutafuta suruali za kodrai.
Amestaafu, lakini chaki haijamtoka kuchani.
Akaligeuza, akausoma mshono kama anayesahihisha insha.
"Si la kweli. Ni la maigizo; tazama, bitana ni nailoni.
Ila aliyelishona alikuwa akimkumbuka mtu.
Hili ni koti la liwali."

Liwali gani, nami mzaliwa wa Ahero,
magavana ninaowajua hupita na ving'ora?

"Wa Uswidi. Zamani, kabla ya reli kuja kunywa maji hapa.
Mfalme alikuwa na ng'ambo nyingi kuliko miguu:
Livonia, Ingria, Pomerania,
bahari imekaa katikati kama sufuria.
Hakuweza kukaa kote. Akatuma koti.
Ndani ya koti akatia mtu,
ndani ya mtu akatia muhuri."

Akaketi juu ya fagia langu, akaendelea,
wateja wananipita:
jinsi wapimaji walivyotoka Riga na minyororo yao
wakapima kila shamba, kila jembe, kila mtaro;
jinsi wakulima walivyosimama vichwa wazi
wakijibu kwa lugha ambayo koti halikuijua,
mkalimani akiwapunja maneno
kama muuza mafuta mwenye kidole ndani ya kikombe;
jinsi mvua ilivyokataa kuondoka kiangazi kizima,
nafaka ikaoza wimawima, watu wakatafuna magome,
na bandarini merikebu zikang'oa nanga zimejaa.
"Ilikuwa haki ya mfalme," akasema. "Koti halina tumbo."

Nikamkumbuka nyanya yangu Aloo.
Rupia tatu kila nyumba, na nyumba zilikuwa mbili.
Usiku wa kuamkia kuhesabiwa
alipanda juu, akaivua paa ile ndogo,
nyasi akawamwagia ng'ombe,
asubuhi akaketi mbele ya ukuta wa duara:
"Hii? Hili ni zizi la mbuzi."
Karani akaandika moja.
Mvua ya wiki ile ilimnyeshea shangazi yangu, kichanga,
akakohoa hadi kufa kwake, naye alikufa mzee,
akijivunia kikohozi kile kama shamba la urithi.

Mwalimu alipoondoka (bila suruali)
nililivaa. Kujaribu tu.
Lilinikaa. Mabega yakapanda yenyewe,
kidevu kikafuata,
na Odidi alipoleta mtungi wa maji
nikaisikia sauti ikimwambia: "Weka pale. Si pale. Pale."
Akaweka. Hakunitazama usoni,
yeye ambaye kila siku hunitania kwa pengo langu.

Nikalivua kama mtu aliyeingiliwa na siafu.

Kwa wembe nikafumua mikono, kisha kola.
Kitambaa kilikuwa kizuri, sidanganyi.
Mgongo umetoa kaptula mbili za shule,
manjano yameziba tundu la mwavuli wangu.
Vifungo kumi na kimoja nimewauzia mafundi wa Kondele,
shilingi ishirini kila kimoja, bila kupunguza.
Kilichobaki kimo ndani ya kopo la chenji.
Nikitafuta shilingi kumi, huja chenyewe kidoleni,
baridi,
na mataji yake matatu,
kama anayeuliza nyumba ni ngapi.