Daftari la Getini

Wengine wataiandika redio yetu kwa nyimbo.
Mimi nilikuwa mlinzi, Isevya, nyuma ya ghala la asali,
na nilichonacho ni daftari:
jina, atokako, saa ya kuingia, saa ya kutoka, kusudi.

Ukurasa wa kwanza umelowa chai.
Kapera Msongela, fundi, Urambo, saa moja asubuhi,
kusudi: mlingoti.
Saa ya kutoka sikuandika. Alilala juu ya bati siku tatu
akiukaza mnara kwa waya wa uzio,
na jioni ya tatu ukuta nilioegemea
ukaanza kunguruma mgongoni mwangu.
Nikajua tumekwenda hewani
kabla mwenye redio hajajua.

Geti ni moja. Limepitisha
kaseti ndani ya ndoo ya mahindi,
limepitisha santuri za mstaafu wa reli,
kazifunga kwa kanga ya marehemu mkewe:
"Nyimbo zibaki, kanga irudi."
Ilirudi, saa kumi na moja. Nimeandika.

Bi Nyanzala Mihambo, mtangazaji,
kila alfajiri, saa kumi na mbili kasorobo, miaka kumi na minne,
kandambili mkononi asichafue zulia la studio.
Hewani alikuwa malkia.
Getini alinikopa mia mbili.
Haijarudi. Nayo nimeandika.

Na kadi!
Treni ya Mpanda ikiingia, vijana walizileta
kwa mafungu, kama tumbaku ya mnada:
zimfikie Ndisha wa Sikonge,
zimfikie Mlekwa, muuza matobolwa pale stesheni,
na wote wanaonifahamu.
Bi Nyanzala hakuruka jina.
Usiku mmoja umeme ukakatika katikati ya orodha,
na wale ambao zamu yao haikufika
wakaja wenyewe kudai.
Niliwasomea mimi, kwa tochi.
Hilo halimo katika taarifa ya mkurugenzi.

Ukurasa wa themanini: mtu wa mamlaka, kusudi: leseni.
Ukurasa uleule, chini: mtu yuleyule, kusudi: kufuli.
Miezi mitano ukuta ulipoa.
Nikagundua sijui kukesha
bila kitu kunisukuma mgongo.

Kisha akaja kijana na kompyuta moja kwapani,
akaingia saa nne, akatoka saa sita,
na tangu hapo nyimbo zinajipiga,
zatumwa kutoka Dar,
na sauti inayoitaja Tabora huitaja
kama abiria anayesoma kibao dirishani.
Ukuta bado unatetemeka. Kidogo. Kwa adabu.

Daftari la saba ni tarehe tupu.
Jumatatu, hakuna. Jumanne, hakuna.
Jumatano, mbuzi wa jirani; kusudi hakusema.

Jana akaja mama, ungo kichwani,
kadi ya salamu imeliwa na mende pembeni.
Ameikuta kwenye koti la mumewe, wanagawa nguo.
"Alisema aliituma," akasema.
Nikamweleza: ndani hamna mtu, mama,
kuna mashine na feni.
Akatua ungo.
"Si nimesikia wewe uliwahi kusoma?"

Nikampa kalamu, sheria ni sheria.
Jina: Mlekwa. Atokako: stesheni.
Penye kusudi alifikiri sana,
akapaacha.
Nikatafuta miwani.