Njugu na Chumvi

Tulikuwa saba kwenye kamati, Wete,
na fotokopi moja ya ukurasa mmoja:
tisini na sita.
Maalim Shaame akausoma kwa sauti.
Mzee Mbarouk akaomba urudiwe, "tupate kuthibitisha."
Ukarudiwa.
Riziki dirishani, nywele wazi, taa inawaka.
Kilichompeleka pale hatukukiuliza;
mgongo wa karatasi ulikuwa mweupe.
Mie ndiye katibu. Nikagonga muhuri.

Nakala arubaini zikatolewa skuli ndani ya magunia ya mchele.
Kuzichoma, wakasema, kutaleta moshi na maneno.
Zikawekwa stoo. Masika yakazitia ukungu,
na mlinzi, mwenye watoto sita, akaziuza kwa kilo
kwa Faki Makame, muuza njugu sokoni.

Faki fasihi haijui. Anajua kukunja:
ncha chini, mdomo juu, njugu, chumvi.
Siku ya kwanza nilikula nikatupa.
Ya pili, mvua imenibana kwenye baraza ya watu, nikasoma:
"Riziki akamwambia mama yake, sitakwenda"
na hapo mafuta yameshakula.
Hendi wapi?

Sasa nanunua kila alasiri. Daktari kanikataza chumvi.
Nnazo karatasi thelathini chini ya godoro, hazifuatani:
harusi kabla ya posa,
baba kazikwa, kisha baba huyo huyo anapuliza chai.
Sisemi ni kitabu kizuri sana.
Mwandishi kalipenda mno neno "ghafla".
Na yule mama aliyekuja ofisini
kamshika mkono mwanawe wa miaka kumi na mbili,
akaniuliza, "Wewe ungempa huyu?"
sikuwa na jibu, wala leo sinalo.
Lakini wanafunzi wananipita wakibadilishana,
"nipe arubaini nikupe kumi na moja,"
na binti wa Maalim Shaame, naambiwa,
ananakili chote daftarini kwa kalamu ya kijani.

Jana nikajikaza: "Faki, wa tisini na sita hujauona?"
Hakuinua macho.
"Huo, katibu, umekatwa kwa wembe,
vitabu vyote arubaini, kabla havijanifika."
Na wa tisini na tano umekwenda nao,
maana ni karatasi moja.

Nikala njugu zangu.
Stoo ile ina funguo saba.
Wangu nnao mfukoni.