Zimwi Likujualo

Ndani ya zimwi nilikuwa mimi,
Norbert Vogel, mpeleka barua wa Manitowoc,
nimeshonewa magodoro mawili ya sponji
yenye matundu ya kuchungulia, moja likiwa juu ya nyusi.
Kwa hiyo nusu ya dunia niliiona, nusu niliibahatisha.

Filamu yenyewe: Jibini Hai kutoka Zohali.
Bajeti: dola mia nane na kumi,
bei ya injini ya boti aliyoiuza Delmar
bila kumwambia mkewe mpaka ziwa lilipoganda.

Picha zilikuwa nyeusi na nyeupe, kama zile za Jumamosi usiku
tulizozitazama utotoni tumejifunika blanketi moja,
lakini Delmar alinipaka rangi ya manjano, mara tatu.
"Kamera haitaijua," nikamwambia.
"Wewe utaijua," akajibu, akachovya brashi tena.

Damu ilikuwa shira ya chokoleti.
Maabara ilikuwa jiko la mama yake.
Chombo cha anga kilikuwa sahani mbili za kuokea
zilizogandishwa mdomo kwa mdomo,
zikaning'inizwa kwa uzi wa kuvulia samaki,
na hapo ndipo kazi iliposimama:
uzi haukuonekana.
"Uonekane!" Delmar alifoka. "Wa zamani waliuficha, wakashindwa.
Sisi lazima tushindwe kwa makusudi."
Tukafunga kamba ya kuanikia nguo.
Tukaacha na kibanio kimoja.

Oktoba ile nilijifunza: kukosea nako kuna ufundi.
Orville Czarnecki, daktari wa meno mstaafu, profesa wetu,
aliandika maneno yake kiganjani, jasho likayala.
Akakitazama kiganja, akatangaza, uso mkavu:
"Mabwana, sayansi ni... mkono."
Delmar alikuwa hajawasha kamera.
Tulirudia mara kumi na nne.
Hakuweza kukosea vile tena.

Kisha Lucille.
Miaka sabini na mmoja, thelathini na minane kati yake
akipiga mhuri vifuniko vya sufuria kiwandani.
Aliitaka nafasi ya binti anayebebwa na zimwi.
Hakuna aliyethubutu kucheka;
alikuja na gauni lake mwenyewe, limepigwa pasi.

Saa tano usiku, nyuma ya duka la mbao, nilimbeba.
Mwepesi, kama kifurushi
ambacho mtumaji alisahau kutia kitu ndani.
"Mayowe," Delmar akanong'ona.

Akayapiga.

Taa zikawaka nyumba baada ya nyumba.
Ndani ya sponji nilisahau ni nani anamtisha nani.
Naibu sherifu alifika na tochi, mkono kiunoni;
tukampa nafasi, anakufa dakika ya hamsini.
Lucille alijipangusa midomo kwa leso.
"Nimekaa nayo siku nyingi," alisema.
"Kule kiwandani mashine zingeyameza."

Tulionyesha Februari, chini ya kanisa,
viti vya kukunja, projekta inanuka vumbi linaloungua.
Kamba ilipoonekana, walishangilia.
Kibanio kilipata makofi yake peke yake.
Yalipokuja mayowe, ukumbi ulinyamaza,
mtu akaacha kutafuna,
na feni ya projekta ikawa ndiyo sauti pekee
mpaka mtoto aliposema gizani:
"Huyo ni Norbert. Kavaa viatu vya posta."

Siku hizi mbwa walionizoea miaka kumi wananibwekea upya.
Na kwenye mlango mmoja wa kijani, kabla sijatumbukiza bili,
mkono mdogo hutokeza kwenye mwanya wa barua.
"Niume," unaomba. "Kidogo tu."
Nauma hewa, naguna kizohali.
Zimwi likujualo halikuli likakwisha;
linakuachia katalogi ya mbegu,
linashuka ngazi polepole, kuna barafu.