Kuhesabu Kinyume

Nimeshuka mgodi wa chumvi uliozimwa taa,
nchi ya theluji, nimevishwa kofia ya chuma.
Nimelala kituo cha treni kisichofikiwa tena na reli
na mlinzi wake bado anafagia.
Nina daftari la mahali palipoachwa,
kurasa mia na mbili.
Ngomeni haimo.

Ngomeni, kaskazini ya Malindi, kwa njia ya mchanga,
kilipozikwa kitovu changu.

Shangazi Nyevu hakuniuliza habari za theluji.
Alinipa kigoda, akanipa muhogo wa nazi,
akaningoja nijae mdomo ndipo akasema:
"Maiti za watu unazijua kwa majina.
Za kwenu umemwachia nani?"

Akanipeleka bandani.
Kuku wa kidimu, manyoya yamesimama kama aliyetukanwa,
ameatamia ndani ya kitu cheusi cha plastiki,
masikio mawili na waya uliokatika.
"Hicho alikivaa Ngowa
siku walizokuwa wakirusha vyuma vyao juu."

Mumewe hakuwa fundi. Alikuwa mpaka rangi.
Kule baharini, kwenye jukwaa la miguu ya chuma,
kutu ikila, anapaka,
ikila, anapaka,
miaka kumi na minane na brashi moja baada ya nyingine.
Kidude kilikuwa kibovu, Wataliano wakampa azibe masikio.
Kwa hiyo hakusikia kitu.
Alisoma midomo yao:
dyechi, nove, oto, sete,
akairudisha nyumbani hesabu hiyo
kama mtu aletaye samaki.

Watoto wa mtaa wakajua kushuka kabla ya kupanda.
Darasa la kwanza mwalimu aliuliza,
baada ya moja inakuja nini?
Wakajibu kwa pamoja, "Moto!"
Wakachapwa wote, na binti yake Ngowa akachapwa mara mbili
kwa kuwa aliziba masikio.

Asubuhi nilikwenda na Lali, mjukuu wa jirani,
kupita mabwawa ya chumvi, kandokando,
chumvi ikilia chini ya viatu vyangu
(yeye hakuwa na viatu, kwake haikulia).
Tulipofika mwisho wa nchi kavu nikanyoosha kidole.
Lile pale. Meza ya jitu, wageni wameshanyanyuka.
"Unajua ile ni nini?"
"Pale mnandi hukausha mabawa," akasema.
Nikamwambia: roketi.
Nikamwambia: kutoka pale, mpaka kule, juu,
kupita mawingu.
Akanitazama usoni kuona kama nina homa.
"Roketi? *Hapa* Ngomeni?"
Akacheka mpaka akakaa chini kwenye chumvi,
na mimi, kusema kweli, nilijisikia mwongo.

Nikafungua ukurasa wa mia na tatu.
Nikaandika jina la mahali. Nikaandika tarehe.
Kalamu ikagoma hapo.
Daftari langu ni la wafu, lina utaratibu wake:
aliyeondoka, mwaka alioondoka, kilichoota sakafuni.
Na hapa ningeandika nini?
Kwamba kilichoota ni ndege?
Kwamba aliyebaki anafuga kuku?
Nikauchana ukurasa. Lali akautaka,
akaukunja mara nne, mara tano, akautia ncha,
akaurusha. Ulikwenda hatua sita,
ukaingia bwawani, ukaanza kunywa chumvi.
"Yako hiyo haikufika," akasema.

Usiku shangazi alitoka na kurunzi kuhesabu mayai.
Nilikuwa nimelala barazani, sikulala.
Alichuchumaa, mkono chini ya kuku,
akaanza taratibu, kama mtu anayevua pete:
dyechi.
Nove.
Oto.
Mayai yalikuwa manne tu, nilikuwa nimeyaona mchana,
lakini yeye hakuanzia kwenye mayai.
Kwatro. Tre.
Mahali fulani mbwa alibweka akaacha.
Due, akasema,
akazima kurunzi,
na gizani nikamsikia akimwambia kuku, "Tulia, mama,"
akimziba masikio
kwa viganja vyote viwili.