Wasiohudhuria Bila Taarifa

Kikao kilifunguliwa saa nne na robo badala ya saa tatu,
kwa kuwa gari la wageni lilikwama kwenye tope la Uru
na vijana walioombwa kulisukuma walidai kwanza soda.
Hilo sikuliandika.

Niliandika: Waliohudhuria, hamsini na mmoja.
Mwanasheria kutoka Moshi mjini, viatu vimeshalowa.
Mtafiti. Mabwana misitu wawili.
Akina mama wa majani, waliokaa nyuma, karibu na mlango,
maana ng'ombe zizini hajui ajenda.

Wasiohudhuria kwa taarifa: diwani, ana msiba Kibosho.
Wasiohudhuria bila taarifa:
hapo kalamu ilisita.
Nikaandika, kisha nikafuta,
minde.

Ndiye aliyetuita wote pale.
Mtafiti alitundika shuka ukutani, akatuonyesha picha moja
ya usiku, ya kamera iliyofungwa mtini:
mgongo mzito, kishungi katikati ya pembe,
macho mawili kama vifungo vya koti la mtu anayeondoka.
"Kamera ishirini," alisema, "miezi saba. Huyu mmoja."
Mzee Ndewirwa akanyoosha mkono:
"Labda wenzake hawapendi kupigwa picha."
Ukumbi ukacheka. Kicheko nacho hakina kifungu.

Mwanasheria alisema sheria imezeeka,
faini yake siku hizi hainunui hata mbuzi wa Krismasi,
inabidi ioteshwe meno.
"Meno yapo," akajibu Ndewirwa, "ya nguruwe, shambani kwangu, kwenye magimbi.
Na mbega akishuka kwenye migomba, jedwali linamlinda.
Mimi mnanilinda kwa jedwali la ngapi?"
Swali hilo nililinukuu neno kwa neno.
Mwanasheria alifunua kitabu, akalamba kidole,
akafunua tena.

Ndipo akasimama Aikande, kanga kiunoni, mundu ameuacha nje:
"Hafumaili tunaingia siku mnazotupangia.
Bila panga, bila shoka. Tumekubali.
Lakini huyo wenu nimemwona, juzi, kwenye kijito.
Tulitazamana kama mtu na mkwewe.
Nikampisha, akapita."

Mtafiti aliruka kitini, daftari mkononi.
Bwana misitu akauliza taratibu:
"Juzi siku gani?"

Aikande akaketi.
Haikuwa siku yake ya kuingia.

Nikaandika: Mjumbe hakuendelea.

Yaliyopendekezwa: faini ipande mara kumi.
Yaliyopendekezwa pia: isipande, kwanza fidia ya mazao.
Kura haikupigwa. Yalikuwa maoni tu,
yatapelekwa, yatasomwa, yatarudi au hayatarudi.
Na mimi karani nilikuwa nikipanga viambatisho,
kidole kikiukwepa ukurasa ninaoufahamu,
Kiambatisho cha Nne, Mifano ya Kesi Zilizopita:
Ndesario, mkulima, waya wa breki ya baiskeli,
mnyama: minde. Idadi: mmoja.
Ng'ombe wawili walikwenda na faini ile,
na kidato changu cha tano kikawafuata.

Jioni nilimkuta baba jikoni, anamenya ndizi za mtori,
vidole vyeusi kwa utomvu.
"Wameipandisha?"
"Bado ni maoni."

Akamenya moja. Akamenya ya pili, akaitumbukiza majini.
Mvua ilikuwa imeanza juu ya bati,
ile ya kutoka msituni, inayokuja na baridi yake.

"Alikuwa na mimba," akasema.
"Hakimu aliniuliza, kweli au si kweli. Nikasema kweli.
Hilo jingine hakuna aliyeliuliza."

Kumbukumbu zilikuwa mkobani mwangu,
zimesainiwa, zimegongwa muhuri, kikao kimefungwa kwa sala.
Nilizitoa, nikafungua Kiambatisho cha Nne
nikaangalia ile safu ya mwisho kulia.

Baba akanisogezea kisu cha pili.
Ndizi zilikuwa bado nyingi.