Asili ya Shirika

Jumanne ya pili ya Februari, Vanadzor.
Theluji imepanda hadi dirisha la ghorofa ya chini,
na sisi kumi na mmoja, watu wazima na makoti yetu,
tumejikunja kwenye madawati ya watoto.
Mwalimu Vardges anaandika kwa chaki iliyolowa:

3 juu ya x² − 9,
jumlisha 5 juu ya x² + 6x + 9.

"Sehemu mbili," anasema, "asili mbalimbali.
Nani atazikutanisha?"

Nikanyoosha mkono, mimi Shoghik, mshona magodoro,
kwa sababu asubuhi mwanangu alinicheka.
Nikazidisha chote cha chini kwa chote cha chini.
x ikapanda hadi kipeo cha nne,
hasi hamsini na nne, hasi themanini na moja,
namba zikazaana kama panya ghalani,
chaki ikaisha kabla ya jibu.

"Si kosa," akasema Vardges.
"Ila umehamisha nyumba nzima kutafuta sindano."

Akafuta. Akarudi chini, kwenye asili,
akazipasua taratibu, kama mtu na komamanga
asiyetaka juisi imrukie shati:

(x − 3)(x + 3)
(x + 3)(x + 3)

Hata hita iliacha kulia.
Huyo (x + 3) alikuwamo kwa wote wawili, siku zote,
kama sarafu iliyoshonewa ndani ya pindo.
Na mimi, mwenye mkasi, sikumwona.

Pembeni mwa daftari nikajiandikia, nisisahau:

*Vigawo vyote andika, kimoja kisikaidi,*
*Kilicho kwa wote weka, mara moja usizidi,*
*Penye mraba kumbuka, kikubwa ndicho shahidi,*
*Sifuri chini kuweka, hilo halina idadi.*

Basi: (x − 3)(x + 3)².
Ndogo kuliko ile yangu, na wote wanaenea.
"Na ukimwongezea mtu chini," akasema mwalimu,
"mwongezee na juu. La sivyo umemwibia."
Juu ikatoka 8x − 6. Nilihakiki mara mbili.

Nyumbani nilikwenda kwa miguu,
buti la kushoto likinywa maji.
Dada yangu Arpine hatujasemezana mwaka wa pili huu,
tangu hesabu ya nyumba ya baba.
Nilikuwa nimedai nusu kwa nusu.
Nusu ni neno safi, halina mabano.

Lakini fungua mabano.
Mimi: kazi yangu, na mama.
Yeye: mama, na mama tena —
mama wa mchana wa kulishwa kwa kijiko,
mama wa usiku wa kugeuzwa kitandani kila saa mbili.
Miaka minne nilikuwa nikileta jibini Jumapili
na kumhesabu mama sawa kwa sawa.

Mwenye mraba ni yeye.

Sisemi hesabu imetupatanisha. Hesabu haina moyo huo.
Na ziko thamani ambazo mwalimu alizipiga marufuku
kabla hata hatujaanza: x isiwe 3, isiwe hasi 3,
hapo chini pote panageuka shimo.
Nasi tunayo yetu, asubuhi ya mazishi,
neno nililolisema mbele ya majirani.
Siku hiyo hatutaiweka mahali pa x. Si sasa.

Saa nne usiku nikapiga simu.
"Nani amekufa?" akauliza, sauti ya usingizi.
"Hakuna. Kuni zimebaki ngapi kwa mama?"
Kimya, kisha mlango wa jiko ukilalamika.
"Za siku sita. Saba, tukibana."
"Nitaleta. Mara mbili ya zile za mwaka jana."
"Mbona mara mbili?"

Nilitazama daftari. Lilikuwa limelowa pembeni,
shairi langu limevuja wino,
lakini kile kipeo kidogo, ile 2 ya juu,
bado kilisomeka.